Kazi ya Mwigizaji: Habari za Bibi Amandina Lihamba



Katika mazungumzo haya twataka kueleza kazi moja ambayo watu wengi huiona kuwa mchezo tu, nayo ni kazi ya mwigizaji. Mtu asimamaye mbele ya wenziwe akajifanya mfalme, au mwizi, au mjane, naye si mfalme wala si mwizi wala si mjane, hufanya kazi gani? Je, ni kazi imfaayo mwanamke mwenye heshima? Na mzazi akiombwa ruhusa na binti yake ashiriki mchezo wa shule, ajibu nini? Maswali haya huulizwa mijini na vijijini, wala hayajibiwi kwa maneno matupu. Ni afadhali tutazame maisha ya mwanamke mmoja wa Tanzania aliyeifanya kazi hiyo jukwaani na katika sinema kwa miaka mingi. Jina lake ni Bibi Amandina Lihamba, aliyezaliwa mwaka wa 1944.

Lakini tuanze nyumbani. Watu wa Bukene, na wa nchi yote ya Unyamwezi, hawana haja ya mgeni kuwafundisha maana ya kuigiza. Zamani za misafara, wapagazi wa Kinyamwezi walipochukua pembe za ndovu toka Tabora hata Bagamoyo, kirangozi alitangulia mbele, na nyimbo zilipunguza uzito wa mizigo. Mpaka siku hizi manju wa ngoma husimama kati ya watu akaimba habari za mchoyo, au za mvivu, au za mwenye cheo adhulumuye wanyonge. Huigeuza sauti yake na mwendo wake, na watu hucheka, huku kila mmoja akijiuliza moyoni kama si yeye aimbwaye. Manju mwema hamtaji mtu kwa jina. Huionyesha tabia, na mwenye tabia hiyo hujijua mwenyewe. Hapo ndipo penye mbegu ya mchezo wa kuigiza.

Mchezo wa jukwaani huongeza mambo mawili. Kwanza, maneno yake hutungwa na kuandikwa, na kila mchezaji hupewa sehemu yake aishike kwa moyo. Pili, wachezaji hufanya mazoezi siku nyingi chini ya msimamizi, hata kila mmoja ajue aingie lini, asimame wapi na anyamaze lini. Asiyeona mazoezi hayo hudhani kwamba wachezaji wanajifurahisha tu. Aliyeyaona ajua kwamba ni kazi ya kuchosha kama kulima.

Tena mtu asidhani kwamba wasiwasi juu ya wanawake na maigizo ni jambo la Afrika peke yake. Uingereza, katika siku za Shakespeare, aliyekufa mwaka wa 1616, wanawake hawakucheza katika majumba ya michezo ya watu wote. Sehemu za malkia na za binti zilichezwa na wavulana waliovikwa mavazi ya kike. Hata ilipofika mwaka wa 1660 ndipo wanawake wa Uingereza walipoanza kusimama majukwaani, nao walisemwa vibaya muda mrefu. Watu walizoea polepole, walipoona kwamba kazi yenyewe ni ya akili na bidii.

Sasa tumgeukie Bibi Lihamba. Yeye alifanya kazi zake nyingi katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, akifundisha sanaa za maonyesho, na hatimaye akawa profesa. Hakutosheka kufundisha kwa chaki. Alicheza, alisimamia michezo ya wengine, na alitunga. Mwaka wa 1980 kilitoka kitabu chake Hawala ya Fedha, mchezo alioutengeneza kutokana na kisa cha Sembène Ousmane wa Senegali. Katika kisa hicho cha asili, mtu maskini apelekewa hawala na mpwa wake aliye Paris. Aenda posta, lakini hapewi kitu, kwa sababu hana cheti cha kumtambulisha. Atafuta cheti, na kila mlango aupigao wataka fedha au hila, na wajanja wamzunguka. Mwenye hawala mkononi abaki na njaa. Nani kati yetu hajapata kusimama mbele ya dirisha la ofisi akaambiwa arudi kesho? Jambo la Senegali likaeleweka Tanzania, kwa kuwa shida zake ni zile zile.

Mwaka wa 1982 kikatoka kitabu Harakati za Ukombozi, alichokitunga pamoja na Bibi Penina Muhando na Bibi Ndyanao Balisidya. Kisha mwaka wa 1985 Bibi Lihamba alipata shahada ya udaktari katika Chuo Kikuu cha Leeds, Uingereza. Utafiti wake ulihusu siasa na michezo ya kuigiza katika Tanzania baada ya Azimio la Arusha la mwaka wa 1967. Twataja shahada hiyo ili mzazi ajue kwamba kuigiza ni elimu yenye kusomwa na kutahiniwa kama elimu nyingine.

Lakini elimu hiyo haikufungiwa chuoni. Reli ipitayo Bukene huendelea kaskazini, ikapita Shinyanga na Malya, hata ikafika Mwanza. Huko Malya, katika nchi ya Wasukuma, Bibi Lihamba na wenzake wa Chuo Kikuu, Bibi Penina Muhando, ajulikanaye pia kwa jina la Mlama, na Bwana Eberhard Chambulikazi, walifanya kazi pamoja na wanakijiji katika miaka ya 1982 na 1983. Hawakuwapelekea mchezo uliokwisha kutungwa. Waliwauliza wenyeji shida zao ni zipi, na shida zilizotajwa zilikuwa pamoja na mambo ya vijana wao. Ndipo wanakijiji wenyewe wakatunga maonyesho kwa ngoma na nyimbo walizozijua. Onyesho likiisha, watu huketi wakajadiliana. Tazameni faida yake. Katika baraza la kawaida husema wazee na wenye cheo, na kijana au mwanamke hukaa kimya. Katika ngoma, kijana aweza kuonyesha kosa la mkubwa wake bila ya kumvunjia adabu, kwa kuwa asemaye ni yule anayeigizwa.

Tusisahau sinema. Kuigiza jukwaani na kuigiza katika sinema ni ndugu wawili wasiofanana. Jukwaani sauti yapasa imfikie mtu aliyeketi nyuma kabisa, na mkono huinuliwa juu ili wote waone. Katika sinema kamera husogea karibu na uso kama mama amtazamavyo mtoto mgonjwa, na hata kope ikitikisika huonekana. Mwigizaji wa jukwaani aingiapo katika sinema hana budi kujifunza kupunguza. Bibi Lihamba alijifunza. Mwaka wa 1985 alionekana katika sinema fupi Arusi ya Mariamu, yenye kueleza habari za mwanamke mgonjwa ambaye hospitali haikumponya, naye aogopa kwenda kwa mganga wa kienyeji kwa sababu ya mambo ya utoto wake.

Sehemu yake kubwa ilikuwa katika sinema iitwayo Maangamizi, iliyoongozwa na Bwana Martin Mhando na Bwana Ron Mulvihill. Humo Bibi Lihamba alicheza mwanamke aitwaye Samehe, aliyewekwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili. Samehe hajasema neno kwa muda wa miaka 20, kwa sababu ya jambo la kutisha aliloliona alipokuwa mtoto. Daktari mwanamke kutoka Marekani, aitwaye Asira, ajaribu kumtoa katika kimya hicho. Fikirini ugumu wa kazi hiyo. Mwigizaji ambaye chombo chake ni sauti anyang'anywa sauti, naye yampasa aeleze huzuni ya miaka 20 kwa macho, kwa mabega, na kwa namna ya kuketi. Mwaka wa 2001 Tanzania iliipeleka sinema hiyo Marekani kushindania tuzo ya Oscar kati ya sinema za nchi za nje. Haikuingia katika zile zilizochaguliwa za mwisho, lakini ilikuwa ya kwanza kupelekwa na Tanzania.

Sasa tuweke kando sinema, tutazame wasichana wenyewe. Wako wengi ambao si wagonjwa, nao hawasemi. Yuko aliyeacha shule kwa kuozwa mapema, yuko aliyefuatwa na mtu mzima akaogopa kumshitaki, yuko asiyepata saa moja ya kusoma kwa wingi wa kazi za nyumbani. Mwaka wa 1996 Bibi Lihamba na Bibi Mlama walianzisha mpango uitwao Tuseme katika shule za sekondari. Wasichana walifundishwa kuzichungua shida ziwazuiazo masomo, kuzitungia mchezo, na kuuonyesha mbele ya walimu na wenzao, kisha kuzungumza juu ya dawa yake. Baadaye mpango huo ulienezwa katika nchi nyingine za Afrika. Jina lake ni neno moja, nalo latosha kueleza nia yake.

Basi jawabu la maswali yetu ni hili. Kazi ya mwigizaji ni kuwaonyesha watu mambo ambayo wasingeyatazama, au wasingethubutu kuyataja. Kazi hiyo yataka akili, kumbukumbu, utii na ushujaa, na mwanamke mwenye heshima hapungukiwi na heshima yake kwa kuifanya. Mzazi wa Bukene akiombwa ruhusa na binti yake, asikatae kwa mazoea, wala asikubali bila ya kuuliza. Na aulize mchezo wenyewe wasema nini, ni mwalimu gani ausimamiaye, mazoezi yaisha saa ngapi, na binti arudi nyumbani pamoja na nani. Akipata majibu mema, na ampe ruhusa, tena aende mwenyewe siku ya onyesho akaketi mbele.

Nanyi wanafunzi, mkipenda kazi hii, anzeni kwa kusoma kwa sauti mpaka maneno yenu yasikike wazi upande wa pili wa uwanja. Kisha mtazameni manju wa kwenu. Angalieni apumuapo, anyamazapo, na jinsi awafanyavyo watu wangoje neno lake. Hayo hayauzwi dukani, nanyi mnayo karibu.

Kwaherini.