Kidole kilichobanwa Kondoa

Mwezi uliopita nilikuwa Kondoa kutengeneza kipindi cha wakulima wa alizeti, nikabanwa kidole na mlango wa chuma wa gesti. Kidole chenyewe ni cha shahada, mkono wa kulia, na kwa mtu anayeishi kwa kalamu hicho si kidole cha kuchezea. Kulipopambazuka ukucha ulikuwa mweusi kama sufuria ya kuni. Nikaenda kutibiwa. Tabibu alikigeuza huku na huku, akaniambia mfupa uko salama, akaniandikia dawa ya maumivu na maneno matatu tu: "jeraha la kidole".

Kwenye dirisha la bima ndipo nilipokwama. Binti aliyekaa pale aliitazama fomu yangu, akasema: "Shikamoo baba. Kodi iko wapi?" Nikamjibu marahaba, lakini kodi nakatwa kila mwezi kwenye mshahara, hapa nimefuata dawa ya kidole. Foleni nzima ikaangua kicheko. Kumbe binti hakuwa mtu wa mapato. Alikuwa akitaka msimbo wa ugonjwa, ile herufi na tarakimu zinazoandikwa kando ya jina la ugonjwa, ambazo mahospitalini wengi wanaziita kodi.

Nilirudishwa kwa tabibu, na katika kusubiri nikapata elimu ambayo leo nataka tugawane.

Misimbo hii si uzushi wa watu wa bima. Mwaka 1893 Mfaransa mmoja, Jacques Bertillon, alipeleka mbele ya mkutano wa wanatakwimu mjini Chicago orodha ya sababu za vifo, ili kifo cha Paris na kifo cha mji mwingine vihesabiwe kwa jina moja. Mwaka 1948 orodha hiyo ikawa mikononi mwa Shirika la Afya Duniani, na maradhi na majeraha yasiyoua yakapata nafasi humo. Toleo la kumi lilipitishwa mwaka 1990 na kuanza kutumika mwaka 1994. Liko pia toleo la kumi na moja, lililoanza rasmi Januari 1, 2022, ambamo majeraha ya mkono yanaanza na herufi NC. Fomu yangu ilidai toleo la kumi, basi tubaki humo.

Katika toleo hilo S ni herufi ya majeraha yanayotajwa kwa sehemu ya mwili. Kuanzia S60 hadi S69 ni kiganja na kifundo cha mkono. Kidole kilichovilia damu bila ukucha kuguswa ni S60.0. Ukucha ukiumia, kama wangu, ni S60.1. Kidole kilichokatwa na kisu, ukucha mzima, ni S61.0, na ukucha ukiguswa ni S61.1. Gumba likivunjika ni S62.5, kidole kingine S62.6. Kidole kimoja kisicho gumba kikikatika, chote au kipande, ni S68.1.

Utaona kwamba kwenye jeraha la kukatwa kitabu hiki kinajali ukucha kuliko kuuliza ni kidole gani. Wamarekani hawakuridhika. Toleo lao wenyewe, walilolianza Oktoba 2015, linataka kujua kidole kipi, mkono upi, na kama ndiyo mara ya kwanza mgonjwa kutibiwa. Kidole cha shahada cha kulia kilichokatwa, ukucha mzima, bila kitu kubaki ndani, kwao ni S61.210A. Mimi naona hiyo ni kazi ya kumchosha karani, ingawa fundi cherehani anaweza kunibishia.

Lakini S ni nusu ya habari. Inasema kidole kimepatwa na nini, haisemi kimefanywa na nini. Kwa hiyo upo msimbo wa pili, na hapa ndipo penye uzito. Kubanwa na mlango ni W23. Jembe, shoka na patasi ni W27. Mashine za shambani ni W30, mashine nyingine ni W31. Baada ya nukta inafuata tarakimu ya mahali: 0 ni nyumbani, 4 barabarani, 5 penye biashara na huduma, 6 kiwandani au penye ujenzi, 7 shambani. Gesti ni penye biashara, kwa hiyo kidole changu ni S60.1 na W23.5. Inaweza kuongezwa tarakimu moja zaidi, ya shughuli: 2 ni mtu aliyekuwa akifanya kazi ya ujira, 3 ni kazi nyingine, kama mama anayekatakata kuni nyumbani.

Nyuma yangu kwenye benchi alikuwa kijana wa mashine ya kukamulia alizeti. Ncha ya kidole chake cha kati haipo, ilichukuliwa na mashine msimu uliopita. Alifuata karatasi ya kumpelekea tajiri wake, aliyekuwa akisema kwamba hajui kidole kilikatikia wapi. Cheti alichopewa siku ile nilikisoma kwa macho yangu. Kimeandikwa "jeraha", na kando yake T14.9.

Msikilizaji, T14.9 maana yake ni jeraha lisilobainishwa, katika sehemu ya mwili isiyotajwa. Kidole kimekatika na mashine mchana kweupe, karatasi inasema kuna mtu ameumia mahali fulani. Angeandikiwa S68.1, na W31.6 yenye tarakimu 2 ya kazi ya ujira, tajiri angekuwa na la kujibu. Sisemi kwamba msimbo ni hukumu. Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya mwaka 2008, na Mfuko ulioanza kazi chini yake Julai 2015, vinataka taarifa ya ajali na maelezo ya daktari, na ulemavu hupimwa kwa asilimia. Lakini daktari wa kesho ataanzia kwenye alichoandika tabibu wa jana.

Tabibu simlaumu sana. Mlangoni kwake walikuwa wamejaa watoto wenye homa, na kwenye rejista ya wagonjwa wa nje, kile kitabu namba 5 cha MTUHA, kidole hakina mstari wake, kinaingia kwenye fungu na majeraha mengine. Taarifa ya mwezi inapofika wilayani ni hesabu tupu, na anayeisoma hawezi kujua kama vidole vinaliwa na mikanda ya mashine au na visu vya jikoni. Sasa nani atamwambia mwenye kinu afunike mkanda wake?

Kwa hiyo ukiumia kidole, usiishie kusema "nimeumia". Taja kidole gani, ukucha au mfupa ukoje, kitu gani kimekuumiza, ulikuwa wapi, na kama ulikuwa kazini. Omba yaandikwe siku hiyohiyo, kwa maneno, hata kama anayekutibu hana kitabu cha misimbo, maana mwenye kitabu atayageuza baadaye bila shida. Kisha isome karatasi kabla hujatoka.

Yule kijana aliingia kabla yangu, nikamwachia zamu. Alikaa ndani karibu nusu saa. Alipotoka alikuwa na karatasi mpya iliyotaja kidole, pingili na mashine, na ameambiwa aende pia akapigwe picha ya mfupa. Nilipoingia mimi, tabibu aliniuliza swali ambalo hakuniuliza mara ya kwanza: "Mlango wa nini, mzee?"