Sulhu ya mahakamani: soma kabla hujatia sahihi

Mjomba wangu alitoka Mombasa zamani akaenda kufanya biashara ya mahindi Kitale, akajenga vyumba vya kupangisha mtaa wa Matisi. Alipofariki aliacha wajane wawili. Watoto wa mmoja ni Waislamu, wa mwingine wanasali kanisani. Mirathi hii haikuweza kwenda kwa kadhi, kwa sababu ibara ya 170 ya Katiba yataka pande zote ziwe Waislamu na zikubali kuhukumiwa hapo. Ikaenda Mahakama Kuu, na huko faili ikapelekwa kwenye upatanishi.

Binamu yangu alinipigia simu analia. "Kaka, wanataka niseme yaishe." Nikapanda basi.

Kwanza nilimweleza kwamba upatanishi wa mahakama si baraza la wazee lililomwambia asamehe kwa kuwa ni mtoto wa kike. Mpango huu ulianza Milimani, Nairobi, mwaka 2016, kisha ukasambaa kaunti nyingine. Naibu msajili huangalia faili, na mpatanishi aliyeidhinishwa hupewa siku 60. Hahukumu, wala hawezi kukulazimisha. Mnayoyasema mle chumbani hayatumiwi dhidi yenu baadaye. Mkishindwana, faili inarudi kwa jaji na haki yako iko pale pale. Sisi Waislamu jambo hili si geni; Sura An-Nisaa, aya ya 35, inaagiza mume na mke wakihitilafiana atumwe mwamuzi kutoka kila upande.

(Ila mwanamke anayepigwa nyumbani, mimi simshauri kuketi meza moja na anayempiga. Huyo atafute ulinzi wa mahakama kwanza.)

Tatizo liko kwenye karatasi ya mwisho. Makubaliano yakishasajiliwa huwa na nguvu ya hukumu, na hukumu hiyo haikatiwi rufaa. Watu wengi hawalijui hili. Wanatia sahihi kwa kuchoka, au kwa kuwaonea haya ndugu, wakidhani wataweza kurudi kulalamika.

Rasimu ya binamu yangu ilisema atapata kodi ya vyumba vinne. Basi, hapo ikaishia. Vyumba vipi, vya mbele vyenye stima au vya nyuma? Kodi ataikusanya nani, na tarehe ngapi? Na ile ya miezi 14 iliyokwisha kuliwa? Tuliketi usiku kucha na kalamu, asubuhi akaomba mistari mitano iongezwe. Kaka yake mkubwa alinuna. Mpatanishi akamuuliza kama kuna mstari wowote usio wa kweli, akanyamaza, kisha akasema upande wa nyuma unavuja, gharama ya mabati igawanywe. Nayo ikaandikwa.

Walitia sahihi siku hiyo. Kodi ya kwanza iliingia kwa M-Pesa tarehe tano ya mwezi uliofuata, na kaka yake ndiye aliyeituma.