Shujaa wa Ajabu na Watu wa Pembeni Mwake

Neno katuni katika Kiswahili limebeba mizigo mingi, kwa kuwa hutumika kwa mchoro mmoja wa kejeli unaowekwa kwenye ukurasa wa maoni wa gazeti, kwa hadithi ndefu inayosimuliwa kwa picha zilizopangwa ndani ya visanduku, na kwa filamu za vibonzo ambazo watoto wa Nachingwea na Ruangwa, kama wenzao wa kwingine nchini Tanzania, huziangalia kwenye runinga au kwenye vibanda umiza, yaani vile vyumba vinavyoonyesha mpira na sinema kwa kiingilio kidogo. Katika makala haya katuni ni hiyo ya pili, hadithi ya picha, kwa sababu ndiyo mama wa mashujaa ambao leo wamechapishwa kwenye mikoba ya shule na fulana za mitumba. Spider-Man, kwa mfano, kabla ya kuwa sinema alikuwa hadithi fupi katika jarida la senti 12 lililotoka Marekani mwaka 1962, likiwa kazi ya mwandishi Stan Lee na mchoraji Steve Ditko.

Shujaa wa ajabu, kwa maana ya sanaa hii, ni mtu mwenye uwezo upitao wa kibinadamu, mwenye vazi linalomtambulisha na, mara nyingi, mwenye maisha mawili, moja la hadharani na jingine la siri. Aliyeweka kanuni hizo ni Superman, aliyetokea mwaka 1938 katika toleo la kwanza la jarida la Action Comics, naye alibuniwa na Jerry Siegel na Joe Shuster, vijana wawili waliofahamiana wakiwa wanafunzi wa sekondari katika mji wa Cleveland. Hadithi hiyo ya kwanza ilikuwa na kurasa 13, na kwa malipo ya dola 10 kwa ukurasa vijana hao walipokea dola 130, wakatia saini hati iliyompa mchapishaji si kurasa hizo tu bali na Superman mwenyewe, pamoja na kila ambacho angekuja kuzaa baadaye. Kampuni hiyo ndiyo inayojulikana leo kama DC Comics. Waliomtunga shujaa huyo waliishia kuwa wazee wenye dhiki, hata mwaka 1975, baada ya kelele za umma na za wachoraji wenzao, wamiliki wa kampuni walipokubali kumlipa kila mmoja wao dola 20,000 kwa mwaka na kuyarudisha majina yao mwanzoni mwa hadithi.

Mkasa huo haukuwa bahati mbaya ya watu wawili, maana ulitokana na namna kazi yenyewe ilivyopangwa. Wachapishaji wa New York waliigawa kazi ya katuni kama kiwanda kinavyogawa kazi zake: mmoja aliandika kisa, wa pili alichora kwa penseli, wa tatu alipitisha wino juu ya mistari ya penseli kwa sababu mitambo ya uchapaji ya wakati huo haikuweza kunasa mistari hafifu, wa nne aliandika maneno ndani ya viputo, na wa tano aliweka rangi. Msomaji wa Ruangwa ana sababu ya kusimama kidogo kwenye penseli hiyo, kwa kuwa moyo wake mweusi hutengenezwa kwa kuchanganya udongo wa mfinyanzi na kinywe, madini yaleyale yanayopatikana kwa wingi katika ardhi ya wilaya hiyo, ingawa siku hizi soko lake kubwa limehamia kwenye betri na kwenye matofali ya kustahimili moto mkali.

Mgawanyo huo uliharakisha kazi, lakini uliificha mikono iliyoifanya. Bill Finger aliandika hadithi za mwanzo za Batman na kuchangia sehemu kubwa ya sura na tabia za shujaa huyo, lakini kwa miongo mingi jina lililochapishwa lilikuwa la Bob Kane peke yake. Finger alifariki mwaka 1974, na jina lake halikupewa nafasi rasmi ya mbunifu mwenza hadi mwaka 2015. Katika kampuni ya Marvel, Stan Lee aliwapa wachoraji muhtasari tu wa kisa, wao wakakijenga ukurasa kwa ukurasa, kisha yeye akaongeza maneno, hivyo kwamba wasomi bado wanabishana juu ya fungu la Lee na fungu la Jack Kirby katika mashujaa waliobuniwa na wawili hao, akiwemo Black Panther wa mwaka 1966. Mchoraji anayeamua nani asimame wapi, nani atazame nani na tukio lipi lipewe ukurasa mzima, huyo anasimulia, na kumwita msaidizi wa mwandishi ni kumdhulumu.

Dhuluma ya namna hiyo imekuwapo pia ndani ya hadithi zenyewe, au tuseme katika macho ya wasomaji wake. Wanafunzi wa fasihi hufundishwa kutofautisha mhusika mkuu na wahusika wadogo, na wengi hubaki na dhana kwamba hao wa pili wapo ili kumpisha wa kwanza. Katuni za Marekani zinaonyesha vingine. Lois Lane, mwandishi wa habari mwenye ujasiri, alikuwapo tangu toleo lile la 1938, na Shuster alimchora kwa kumtazama Joanne Carter, msichana aliyetafuta kipato kwa kukaa mbele ya wachoraji na ambaye baadaye aliolewa na Siegel. Bila Lois, maisha mawili ya Superman hayana maana, kwa sababu siri inahitaji mtu wa kufichwa. Peter Parker, kijana aliye nyuma ya kinyago cha Spider-Man, analelewa na Ben na mkewe May, na Kiswahili hapa kina faida yake, kwa kuwa kinamlazimu msimuliaji kusema kwamba Ben ni baba mkubwa wala si mjomba, yaani ni kaka wa marehemu baba yake, hivyo mwenye dhamana ya baba. Ben anapouawa na mwizi ambaye Peter alimwachia apite, kinachozaliwa ni deni la ukoo, na hadithi zote zilizofuata kwa miaka zaidi ya sitini ni malipo ya deni hilo. Hata wachapishaji walilitambua hilo kwa lugha yao ya biashara, ndiyo maana rafiki wa Superman, Jimmy Olsen, alipewa jarida lake mwenyewe mwaka 1954 na Lois Lane akapata lake mwaka 1958.

Katuni za Afrika Mashariki, zilipokomaa, zilifanya jambo ambalo Marekani ililifanya kwa nadra: zilimwondoa shujaa wa ajabu na kumwachia uwanja mtu wa pembeni. Katika Kenya, Edward Gitau alimchora Juha Kalulu katika gazeti la Taifa Leo kwa miongo mingi. Nchini Tanzania, Christian Gregory alimleta Chakubanga katika gazeti la Uhuru mwaka 1967, mwaka uleule wa Azimio la Arusha, wakati gazeti hilo la chama cha TANU lilipokuwa chini ya uhariri wa Benjamin Mkapa, mzaliwa wa Lupaso wilayani Masasi, jirani kabisa na Nachingwea. Chakubanga hakuruka angani wala hakuinua gari. Alikuwa mtu wa kawaida mwenye kasoro za kawaida, na kwa njia hiyo gazeti la chama, lenye wajibu wa kuhubiri kazi na kujitegemea, lilipata pembe ya ukurasa ambamo udhaifu wa binadamu ulikuwa na ruhusa ya kuonekana.

Baada yake lilikuja jarida la Sani, ambalo jina lake limeunganishwa kutoka kwa majina ya waanzilishi wake, Saidi Bawji na Nicco ya Mbajo, na ambalo liliwapa wasomaji wa miji midogo na vijiji wahusika kama Ndumilakuwili na Lodilofa. Jina la Ndumilakuwili lenyewe ni hukumu iliyokamilika, kwa sababu kila mzungumzaji wa Kiswahili humjua nyoka anayesemwa kuwa ana vichwa viwili na mtu mnafiki anayeitwa kwa jina hilo. Philip Ndunguru, mmoja wa wachoraji waliolipa jarida hilo sura yake, alifariki mwaka 1986 akiwa bado kijana, na wahusika wa Sani wakaendelea kuishi kwa kalamu za wengine, kama vile Superman alivyoendelea bila Shuster. Waliofuata walichukua njia nyingine: Ally Masoud alifungamana na panya wake kiasi kwamba umma unamwita Masoud Kipanya, na James Gayo akabaki na Kingo wake, anayesimuliwa mara nyingi bila neno hata moja. Mchoraji na mhusika wanapokuwa jina moja, ni vigumu kwa mchapishaji kuwatenganisha. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamlinda mtungaji wa mchoro kama inavyomlinda mtungaji wa kitabu, lakini sheria husomwa pamoja na mkataba, na Siegel na Shuster walishindwa kwenye mkataba.

Iko namna ya tatu ya mchapishaji, ambaye si kampuni wala si mchoraji mwenyewe, nayo inairudisha habari hii Nachingwea. Mpango wa karanga wa Waingereza, ulioanza mwaka 1947 na kuvunjika mwaka 1951, uliacha huko mashamba makubwa yaliyofyekwa, na katika miaka ya 1960 Tanzania iliwapa wapiganaji wa FRELIMO, chama cha ukombozi cha Msumbiji, nafasi ya kuweka kambi yao kuu ya mafunzo katika eneo hilo. Chini ya Samora Machel kambi ilifundisha silaha, kilimo, kusoma na siasa, na FRELIMO ikaihesabu Nachingwea kuwa mahali alipofinyangwa mtu mpya, asiye na ukabila, uvivu wala tamaa. Ukimtazama kwa jicho la sanaa, huyo mtu mpya ndiye shujaa wa ajabu wa mapinduzi: mkamilifu, mwenye nguvu zipitazo za kawaida, na mgumu mno kuchorwa, kwa kuwa ukamilifu haucheki wala haukosei.

Ndiyo maana FRELIMO, baada ya uhuru wa mwaka 1975, ilipotaka kulieleza taifa fikra zake kwa katuni, ilimchora adui. Kuanzia mwaka 1976 wasomaji wa Msumbiji walikutana na Xiconhoca, mlevi, mlanguzi, mvivu, mla rushwa na mpiga majungu, ambaye mwaka 1979 alikusanywa katika kijitabu kilichotolewa kwa jina la chama chenyewe. Alikuwa chombo cha siasa kali, na hilo halipasi kufichwa, kwa sababu katika miaka hiyo raia wa kweli walinyooshewa kidole kwa jina lake, na mtu aliyefananishwa naye hakuwa na kiputo cha kujitetea ndani yake. Jina hilo liliunganishwa kutoka Xico, lakabu ya mtu aliyejulikana kwa ukatili katika huduma ya polisi wa siri wa Kireno, na nhoca, neno ambalo msomaji wa Nachingwea hahitaji mkalimani ili alielewe, kwa kuwa nhoca ni nyoka.