Akikuahidi ‘Ijumaa tarehe mosi’, umeliwa!

MSOMAJI wangu, ukimkopesha mtu hela halafu akakwambia, “Nitakulipa Ijumaa tarehe mosi,” hapa mjini unaondoka unachekelea. Unafungua kalenda, unaitafuta hiyo Ijumaa, unaizungushia duara. Lakini ungekuwa mkazi wa Shire, ungemkunja mtu huyo shati palepale. Kwao siku hiyo haipo na haitakuja kuwepo!

Shire ni nchi ya kubuni ya wale watu wafupi, Mahobiti, katika The Lord of the Rings, hadithi ya Mwingereza J. R. R. Tolkien iliyotoka mwaka 1954 na 1955. Wengi wetu tuliwajua kwenye sinema za mwaka 2001 hadi 2003. Kitu ambacho sinema hazikukuonyesha ni kalenda yao, ambayo mzee huyo aliipanga na kuieleza mwishoni mwa kitabu.

Nimeileta hapa kwa sababu pale kijiweni kwetu tuko watatu tunatunga hadithi ya katuni. Mji wetu wa kubuni una mtaa mmoja ambao muda hautulii. Unaingia, unalala usiku mmoja, ukitoka unakuta wiki nzima imekatika. Wenzangu wanataka tuanze na majina matamu ya miezi. Mimi nasema hapana, tuanze na madeni. Nisikilize kwanza.

HESABU ZA MAHOBITI

Mwaka wao una miezi 12, kila mmoja siku 30 kamili. Hizo ni 360. Zinabaki siku 5 ambazo hazimo katika mwezi wowote: 2 za sikukuu ya majira ya baridi na 3 za katikati ya mwaka. Ile ya katikati kabisa haina hata jina la wiki. Si Jumatatu, si Jumanne, ni siku tu. Ukiitoa hiyo zinabaki 364, yaani wiki 52 bila chenji. Mwaka mrefu ukifika, siku ya nyongeza nayo haipewi jina la wiki.

Matokeo yake kila tarehe inaangukia siku ileile miaka yote. Ukizaliwa Alhamisi, sikukuu yako ni Alhamisi mpaka unazeeka. Na kwa mpangilio huo hakuna mwezi unaoanza Ijumaa. Ndiyo maana kwao “Ijumaa tarehe mosi” ni mzaha wa jambo lisilowezekana.

Kali zaidi, wiki yao inaanza Jumamosi na Ijumaa ndiyo siku kubwa: mchana kazi zinafungwa, jioni karamu. Mzungu akifika hapo anakuna kichwa. Mswahili wala hashtuki, kwani Jumamosi si ndiyo mosi yenyewe? Wenye vituko ni sisi: Jumatano ni ya tano, halafu Alhamisi nayo kwa Kiarabu ni ya tano. Tano mbili ndani ya wiki moja na hakuna anayegombana!

Hata zile siku 5 za pembeni si ngeni pwani. Wazee wetu wa baharini waliuhesabu mwaka kwa miongo 36 ya siku 10 kumi, kisha 5 za nyongeza, kuanzia Nairuzi. Kule Makunduchi, Unguja, mwaka huo bado unaogwa kila Julai. Kwenye Mwaka Kogwa watu wanachapana kwa migomba, hasira za mwaka uliopita zinaishia hapo.

MUDA UNAPOTELEZA

Sasa njoo kwenye patamu. Ndani ya hadithi hiyo kuna msitu unaitwa Lothlórien. Frodo na wenzake wanaingia, wanapumzika, wanaondoka kwa mitumbwi. Huko mtoni Sam anaona mwezi umeandama, anachanganyikiwa. Yeye anakumbuka usiku chache tu, na mwezi angani uko kana kwamba hawakukaa kabisa.

Orodha ya tarehe mwishoni mwa kitabu inasema walifika mji wa msituni 17 Januari, wakaondoka 16 Februari. Kwa miezi ya siku 30, hizo ni siku 29. Na mwezi wa angani huandama tena baada ya siku 29 na nusu hivi. Umeona mchezo? Mwezi haukudanganya, ila kwa kuutazama tu huwezi kujua kama imepita siku sifuri au mwezi mzima. Inabidi awepo mtu nje anayehesabu. Aragorn ndiye anayewaambia kwamba walipoteza hesabu, na huko nje vita haikuwasubiri.

Mtu wa namna hiyo namjua. Baba yangu alikuwa baharia. Safari moja alirudi akasema, “Si nimekaa kidogo tu?” Mama hakujibu. Alifungua mlango wa chumbani, nyuma yake kuna mistari ya mkaa, mmoja kwa kila siku. Baba akaihesabu kwa kidole: 211. Akakaa kitandani bila kuvua viatu.

Kwa hiyo sheria ya mji wetu nimeshaiandika. Umri wako utahesabiwa kwa mwili wako, maana nywele hazioti kwa siku za mwenzio. Lakini kodi, deni na ahadi vitakwenda kwa siku za aliyebaki nje akisubiri. Mshikaji mmoja amenuna. “Yaani nilale usiku mmoja, nitoke nidaiwe kodi ya mwezi?” Ndiyo, bwana. Mwenye nyumba kala nini mwezi huo?

Kesi moja imetushinda. Kijana anamuaga mchumba wake, anaingia mtaa ule kufuata hela ya mahari, analala usiku 3. Akitoka, nje imepita miaka 3, na binti kaolewa. Kijana anaapa hakuchelewa, binti anaapa alisubiri mpaka akachoka. Wote wanasema kweli. We msomaji ungekuwa mjumbe wa mtaa, ungemwambia nani aombe radhi?