Mwaka Thika United waliposhuka, nami nikashuka nao

Jioni yoyote pale stejini Witeithie utapata wasee wakibishana kuhusu Arsenal na Man U, sauti juu, kama watu wenye hisa Uingereza. Sasa jaribu kuwauliza Thika United wako wapi siku hizi. Kimya. Halafu mmoja atasema, "Kwani hiyo timu bado iko?"

Na hapo tunapobonga, uwanja wa Thika uko mwendo mfupi tu wa matatu. Mimi nimeenda huko mara nyingi kuliko nilivyoingia maktaba ya chuo. Ndiyo maana hii stori naiandika mwenyewe, kabla haijasahaulika kabisa.

Kwa wale ambao mlikuwa bado mnavaa kaptula za shule: mwaka wa 2018 Ligi Kuu ya Kenya ilikuwa na timu 18, kila moja ikicheza mechi 34. Gor Mahia walitwaa ubingwa, wa 17 katika historia yao. Huko chini, timu mbili zilishushwa ngazi: Wazito, ambao walikuwa wamepanda msimu huo huo, na Thika United, ambao tulishazoea kuwaona ligini mwaka baada ya mwaka. Wazito tuliwaelewa, walikuwa wageni. Lakini Thika?

Shida ya msimu wa kupoteza ni kwamba hauumi siku moja. Unaanza na sare. Halafu kichapo cha bao moja, mnasema refa. Halafu kichapo kingine, mnasema uwanja ulikuwa na matope. Kufikia katikati ya mwaka unafungua gazeti Jumatatu na macho yenyewe yanaanza kusoma jedwali kutoka chini kwenda juu. Pale uwanjani tulikuwa tukikaa wachache, mfuko wa njugu ukipita kutoka mkono hadi mkono, na ukipiga kelele kipa anakusikia na kugeuka. Siku Gor au Ingwe wakija, wageni walikuwa wengi kuliko sisi wenyeji. Unashangiliwa ukiwa kwako, lakini anayeshangiliwa si wewe.

Lawama zote haziwezi kuwa za wachezaji. Mwanzoni mwa Januari 2018, wiki chache kabla ya ligi kuanza, SportPesa walitangaza kufuta udhamini wao wote wa michezo nchini, wakilalamikia kodi ya asilimia 35 iliyowekewa kampuni za kamari. Ligi Kuu yenyewe ikaanza msimu bila mdhamini wake mkuu. Baadaye mwaka huo walirudi, lakini fikiria: Gor ana mashabiki kila mtaa, benki na mashirika ya serikali yana timu za kwao. Klabu ndogo ya mji wa viwanda inasimamia wapi? Kwa miaka Thika walikuwa wakijulikana kwa udhamini wa Brookside, wale wa maziwa pale Ruiru, hadi magazeti yakawa yanawatania kwa jina la wauza maziwa. Klabu ndogo bila mkono wa mtu mwenye doo ni kama boda bila mafuta. Inaweza kuteremka mlima vizuri tu.

Mwaka huo huo nami nilishuka daraja. Nilikuwa mwaka wa pili chuoni, karo ikakataa, nikarudi kwa mathe hapa Witeithie nikiwa na begi moja na laptopu yenye kioo kilichopasuka. Kwa Kikuyu jina la huu mtaa maana yake ni "jisaidie", na mathe hakuchoka kunikumbusha. Wikendi nikawa natoroka maswali ya majirani kwa kwenda uwanjani kutazama timu inayopigwa. Usicheke. Kulikuwa na amani fulani kukaa karibu na watu wengine wasiofanikiwa.

Lakini hapa ndipo stori inakuwa tamu na chungu kwa pamoja. Januari hiyo hiyo ya 2018, tarehe 13, huko Uhispania, Girona waliwapiga Las Palmas 6-0. Mabao matatu yalifungwa na Mkenya mmoja mrefu anayeitwa Michael Olunga, na hakuna mchezaji wa Girona aliyekuwa amefunga matatu katika mechi moja ya La Liga kabla yake. Mtaa mzima ulipiga kelele. Wachache walikumbuka kwamba mwaka wa 2014 huyu jamaa alikuwa akivaa jezi ya Thika United. Hakuwa nyota. Alikuwa kijana wa chuo, anasomea uhandisi, ndiyo maana hadi leo anaitwa Injinia. Baada ya Thika akaenda Gor, akafunga mabao 19 mwaka wa 2015, Gor wakamaliza ligi bila kushindwa, na kutoka hapo Sweden, China, Uhispania.

Na si yeye peke yake. Francis Kahata alipita Thika kabla ya Albania na Gor. Dennis Odhiambo naye alipita Thika kabla ya Sofapaka. Juni 2019 wote watatu walikuwa Misri na Harambee Stars kwenye Kombe la Afrika, ile siku Olunga alifunga mawili tukawalaza Tanzania 3-2. Timu iliyowapa dakika za kucheza wakati hakuna aliyewajua ilikuwa imeshatoka Ligi Kuu.

Sasa angalia hii. Agosti 2018 Olunga alihamia Japani, klabu ya Kashiwa Reysol. Kashiwa nao wakashuka daraja mwaka huo huo! Kwa hiyo timu yake ya zamani na timu yake mpya zilianguka msimu mmoja. Tofauti ni kilichofuata. Kashiwa ilizaliwa kama timu ya wafanyakazi wa Hitachi, na hawakutawanyika. Mwaka wa 2019 walichukua ubingwa wa daraja la pili wakarudi juu, Olunga akifunga manane kwenye mechi moja waliyoshinda 13-1. Wanane, jo. Msimu uliofuata akawa mfungaji bora wa Japani kwa mabao 28. Wazito nao walipata mwekezaji mwenye mfuko mzito wakarudi Ligi Kuu ndani ya mwaka mmoja. Thika hawajarudi hadi leo.

Nimewahi kusoma kuhusu Columbus Panhandles, timu ya kandanda ya Marekani, ile ya mpira wa yai na helmeti. Walikuwa mafundi wa karakana ya reli. Kwa sababu walisafiri kwa treni bure, walicheza karibu mechi zote ugenini, wakawa wageni wa kila mji. Ligi ambayo leo ni NFL ilipoanza 1920, walikuwemo. Mwaka wa 1921 walishinda moja wakapoteza nane. Mwaka wa 1922 walipoteza zote nane. Baada ya miaka michache klabu ikazimika, lakini meneja wao, Joe Carr, ndiye aliyekuwa rais wa ligi nzima kuanzia 1921 hadi alipofariki 1939. Nikasema, hawa ni Thika wa zamani kabisa. Timu inapotea, watu wake wanaendesha dunia.

Ila hiyo stori inamfariji nani? Olunga ameshaomoka. Mimi namfikiria dogo mmoja jirani yetu, ana miaka 17, mguu wa kushoto hatari. Kila asubuhi kabla ya saa kumi na mbili anakimbia kando ya barabara kuu hadi Juja na kurudi. Mwaka wa 2014 angeruka matatu hadi Thika, aombe kufanyiwa majaribio na timu ya Ligi Kuu, arudi nyumbani kabla ya chakula cha mchana. Wiki jana aliniuliza, kwa vile mimi ndiye "mwandishi" wa ploti, aende wapi.

Nikamwambia Nairobi. Akauliza nauli ya kwenda na kurudi ni ngapi, mara tatu kwa wiki. Tukapiga hesabu kwa simu yangu tukiwa tumekaa kwenye ngazi. Akaitazama ile namba, akanirudishia simu, akasema ataongea na mathake.