Wa Kwanza wa Aston: Rekodi za Zesh Rehman na Wenzake

Aston ni sehemu ya jiji la Birmingham ambako Villa Park, uwanja wa klabu ya Aston Villa, umezungukwa na nyumba za familia nyingi zenye asili ya Pakistan na Bangladesh. Mpira upo mlangoni, lakini wachezaji waliotoka kwenye familia hizo na kufika Ligi Kuu ya England wanahesabika kwa vidole. Ndiyo maana kila mmoja wao ana rekodi yake. Zesh Rehman, mzaliwa wa Birmingham wa mwaka 1983, anazo kadhaa, ingawa hakuwahi kuichezea timu ya wakubwa ya Aston Villa. Tumezikusanya hapa pamoja na za watu wengine ambao Birmingham na Villa Park viliwapitisha, akiwemo Mtanzania mmoja.

Rekodi yenye ubishi zaidi: Mwasia wa kwanza Ligi Kuu

Rehman alilelewa kisoka na Fulham, akapanda hadi kikosi cha kwanza chini ya kocha Chris Coleman. Mwaka 2004 beki huyo alitangazwa kuwa Mwingereza wa kwanza mwenye asili ya Asia Kusini kuanza mechi ya Ligi Kuu. Neno "kuanza" liliwekwa kwa makusudi, kwa kuwa Michael Chopra wa Newcastle, ambaye baba yake ana asili ya India, alikuwa amekwisha kuingia uwanjani akitokea benchi.

Baadaye kitabu kikafunguliwa upya. Jimmy Carter, winga aliyeichezea Arsenal ligi hiyo ilipoanza na jina jipya mwaka 1992, naye alikuwa na baba mwenye asili ya India. Enzi zake jambo hilo halikuzungumzwa sana, na jina lake halikumfichua. Kwa hiyo Carter ndiye anayestahili kutajwa kwanza. Rehman amebaki na rekodi ambayo hakuna anayeigusa: mchezaji wa kwanza wa timu ya taifa ya Pakistan kucheza Ligi Kuu ya England.

Ngazi nyingi zaidi: madaraja yote manne

Wapo wanaofika juu na kuganda hapo, na wapo wanaoishia chini. Rehman alizikanyaga ngazi zote. Ligi Kuu aliicheza na Fulham, Championship na Queens Park Rangers, daraja la tatu na Brighton alikokuwa kwa mkopo, na League Two na Bradford City. Hakuna Mwingereza mwenye asili ya Asia Kusini aliyekuwa amecheza madaraja yote manne kabla yake.

Rekodi hii haina mng'ao wa ile ya kwanza, lakini inaeleza zaidi kazi yenyewe. Anayecheza League Two baada ya kuonja Ligi Kuu ameshajua mshahara mdogo, viwanja vyenye tope na mabeki wanaotumia viwiko. Bradford, mji wenye Wapakistani wengi kuliko sehemu kubwa ya Uingereza, ulimpa pia jukumu la kuwa kioo cha jamii. Mwaka 2010 akaanzisha taasisi yenye jina lake ya kuwavuta vijana wenye asili ya Asia kwenye soka.

Safari ndefu zaidi: kutoka Karachi hadi Pahang

Rehman alizichezea timu za vijana za England, kisha Desemba 2005 akavaa jezi ya Pakistan kwenye michuano ya SAFF ya nchi za Asia Kusini iliyofanyika Karachi. Soka la klabu nalo likamvuta mashariki: Muangthong United ya Thailand, Kitchee ya Hong Kong, halafu Pahang ya Malaysia. Kule alipata kilichomkimbia Uingereza, yaani vikombe. Kitchee ilitawala soka la Hong Kong, na Pahang ikabeba Kombe la Malaysia mwaka 2014.

Nahodha wa kwanza: Easah Suliman

Kama Rehman alifungua mlango, huyu aliingia na kitambaa mkononi. Easah Suliman alizaliwa Birmingham mwaka 1998 na kukulia kwenye akademi ya Aston Villa. Ndiye mchezaji wa kwanza mwenye asili ya Asia Kusini kuwa nahodha wa timu ya vijana ya England. Mwaka 2017 England ilitwaa ubingwa wa Ulaya kwa vijana chini ya miaka 19 kwa kuifunga Ureno 2-1, na beki huyo alicheka na nyavu kwenye fainali hiyo. Mwaka 2023 naye akaanza kuichezea Pakistan.

Mbali zaidi Ulaya: Neil Taylor

Beki huyu wa kushoto, ambaye mama yake ana asili ya India, alijiunga na Villa mwaka 2017. Alifika akiwa na kumbukumbu ya Euro 2016, pale Wales ilipotinga nusu fainali. Yeye mwenyewe alifunga bao Wales ilipoichapa Urusi 3-0.

Bao la kwanza la Mtanzania: Mbwana Samatta

Januari 2020 Samatta alitua Villa Park akitokea Genk ya Ubelgiji, akawa Mtanzania wa kwanza Ligi Kuu ya England. Hakungoja kuzoea baridi: tarehe 1 Februari, mechi yake ya kwanza ya ligi, aliifunga Bournemouth kwa kichwa, ingawa Villa ililala 2-1. Mwezi mmoja baadaye, fainali ya Kombe la Ligi dhidi ya Manchester City pale Wembley, akajirusha na kufunga tena kwa kichwa. City ilishinda 2-1. Msimu uliofuata haujakaa sawa akapelekwa Fenerbahçe ya Uturuki. Muda wake Aston ulikuwa mfupi, lakini mabao yale mawili hakuna wa kuyafuta.

Rekodi za uwanja wenyewe

Watu wengi zaidi kuwahi kuingia Villa Park ni 76,588, mechi ya Kombe la FA dhidi ya Derby County mwaka 1946. Msimu wa 1930-31 Villa ilifunga mabao 128, ambayo hadi sasa ni mengi kuliko ya timu yoyote katika msimu mmoja wa ligi ya juu ya England. Pongo Waring peke yake alifunga 49.

Rekodi yenye maana zaidi: benchi la ufundi

Rekodi ya mabao 128 inaweza kuvunjwa. "Wa kwanza" haivunjwi. Hufuatwa tu, na isipofuatwa hugeuka kuwa pambo. Rehman alilijua hilo. Alianza ukocha Hong Kong akiwa bado mchezaji wa klabu ya Southern, na mwaka 2021 akarudi Uingereza kuwafundisha vijana wa Portsmouth. Kisha akapandishwa kuwa mmoja wa makocha wa kikosi cha kwanza chini ya kocha mkuu John Mousinho. Msimu wa 2023-24 Portsmouth ilikusanya pointi 97, ikabeba ubingwa wa League One, yaani daraja la tatu, na kurudi Championship baada ya miaka 12.

Kazi hiyo haiandikwi kwenye orodha ya wafungaji, lakini ina uzito kuliko ile ya 2004. Mchezaji hupangwa, kocha hushiriki kupanga. Kijana wa Aston akipelekwa kwenye majaribio, anayeamua kama beki mwembamba ana akili ya mpira ni yule aliyeshika daftari pembeni. Kocha mkuu wa Ligi Kuu ya England mwenye asili ya Pakistan bado hajapatikana. Rekodi hiyo ndiyo inayosubiri mwenyewe, na njia ya kuiendea imeshaanza kukanyagwa.