Mali Ikipigwa Mnada, Je, Yaweza Kurudi?

Fungueni madaftari yenu. Leo tutajifunza habari za deni na mnada, kisha tutafanya hesabu.

Hapa Ufipa, mkulima hukopa mbegu na mbolea kabla ya mvua, akiyatumainia mahindi na maharage yake. Mavuno yakifika, bei yaweza kuanguka, na deni likabaki pale pale. Wahenga walisema: kukopa harusi, kulipa matanga. Siku ya mnada wengi hukata tamaa, wakasema, "Mali imekwenda." Usiseme hivyo upesi. Uliza kwanza: Ni nani aliyeagiza mnada huu? Je, ni mkopeshaji mwenye rehani, au ni mahakama?

Mnada wa rehani

Rehani ni mali uliyoiweka kuwa dhamana ya mkopo. Tuseme umeweka rehani nyumba yako ya Sumbawanga mjini. Ikiwa ndiyo nyumba ya familia, ridhaa ya mwenzi wako wa ndoa yatakiwa. Bila ridhaa hiyo rehani haina nguvu.

Ukishindwa kulipa, Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999, pamoja na marekebisho yake, yamtaka mkopeshaji akupe taarifa ya maandishi. Taarifa hiyo yakupa siku 60, tangu siku uliyoipokea. Basi iandike tarehe hiyo! Kisha nayo Sheria ya Madalali yataka mnada wa ardhi utangazwe kwa siku zisizopungua 14, katika mji mkuu wa wilaya na mahali penyewe pa mnada. Tangazo liwe kwa Kiswahili pia, na litolewe hata kwa njia ambayo mtu asiyejua kusoma ataielewa.

Kabla mali haijauzwa, waweza kulipa deni lote na gharama zake, ukairudisha mali yako. Lakini nyundo ikishagonga, mlango huo umefungwa. Mnunuzi aliyenunua kwa nia njema hulindwa na sheria. Ikiwa mnada ulikwenda kombo, haki yako kwa kawaida ni fidia kutoka kwa mkopeshaji aliyeuza, wala si kurudishiwa nyumba.

Hata hivyo, mkopeshaji ana wajibu wa kutafuta bei nzuri. Bei ikipungua bei ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria humdhania kuwa hakutimiza wajibu wake, mpaka athibitishe vinginevyo. Nawe waweza kuiomba mahakama ibatilishe mauzo. Kama nyumba ya bei ya shilingi 20,000,000 imeuzwa kwa 15,000,000 au chini yake, nenda mahakamani bila kukawia. Tena, fedha ikizidi deni na gharama, ziada ni yako. Idai.

Mnada wa mahakama

Huu ni mnada wa kukazia hukumu, yaani mdai amekushtaki, ameshinda, nawe hukulipa. Hapa mlango hubaki wazi kwa muda. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya mwaka 1966 yakuruhusu kuomba mauzo ya ardhi yatenguliwe, ukiweka amana mahakamani ndani ya siku 30 tangu siku ya mnada. Amana ni deni lililoandikwa katika tangazo la mnada, pamoja na asilimia 5 ya bei aliyotoa mnunuzi. Asilimia hiyo ni ya kumtuliza mnunuzi.

Haya, tufanye hesabu. Deni katika tangazo ni shilingi 4,000,000. Kiwanja kimeuzwa kwa shilingi 10,000,000.

Asilimia 5 ya 10,000,000 ni 500,000.
4,000,000 + 500,000 = 4,500,000.

Ukiweka shilingi 4,500,000 kabla siku 30 hazijapita, kiwanja kitarudi kwako. Ukichelewa, mauzo huthibitishwa. Ikiwa palikuwa na hila au utaratibu ulivunjwa, hata hilo huombewa mahakamani ndani ya siku 30. Lakini Mahakama ya Mwanzo ina kanuni zake. Kama shauri lako liko huko, muulize karani mapema.

Basi, ndugu mwanafunzi, karatasi ya deni usiifiche chini ya godoro kwa aibu. Isome, au umpelekee mtu akusomee siku ile ile. Ndani yake mna tarehe, na haki yako huhesabiwa kwa siku.

Maswali
1. Taja tofauti ya mnada wa rehani na mnada wa mahakama.
2. Deni ni shilingi 2,000,000. Mahakama imeuza shamba kwa shilingi 6,000,000. Amana ni kiasi gani?
3. Mnada wa mahakama ulifanyika tarehe 3 Juni. Je, tarehe 20 Julai mdaiwa aweza kuweka amana hiyo? Eleza.